Mdomo wa Ersilia

Ersilia Fogli alishakufa kwenye filamu kwa kifua kikuu, alishazama kwenye mafuriko, alishapigwa risasi na bwana mwenye wivu kwenye ngazi za hoteli, na kote huko alikata roho kwa sauti ya mwanamke mwingine.

Roma ya miaka ile ndivyo ilivyokuwa. Filamu zilipigwa bubu, katikati ya nyundo za maseremala na mabishano ya watu wa taa, kisha sauti zikaingizwa baadaye, kwenye ukumbi wa giza, na watu waliosomea kusema. Mwenye uso alileta uso, mwenye sauti akaleta sauti, na hakuna mtazamaji aliyelalamika. Aliyelalamika alikuwa mmoja tu: Bi Armida, mama yake Ersilia, mfanyakazi wa kiwanda cha samaki cha mji wa Comacchio, ambaye siku moja alivaa viatu vya kanisani akaenda sinema ya mji kumtazama mwanawe. Aliposikia ile sauti laini kama siagi ikitoka kinywani mwa binti aliyemzaa mwenyewe, alisimama katikati ya watu.

"Huyo si Ersilia wangu," alisema. "Nani amemmeza?"

Ukumbi mzima uliangua kicheko. Ersilia, aliyekuja kutoka Roma na kofia mpya kwa ajili ya jioni hiyo, alikuwa amekaa kando yake, na hakucheka. Tangu hapo alitaka kitu kimoja tu maishani: filamu moja, hata iwe na maneno machache tu, ambamo mama yake atamsikia.

Alikuwa ametokea kiwanda hichohicho. Alikuwa akichoma mikunga, wale samaki warefu kama nyoka wanaovuliwa kwenye maji ya chumvi ya kinamasi, kisha huchomwa na kutiwa kwenye siki. Kampuni moja ya sabuni ikaleta shindano la urembo Ferrara, naye akawa wa pili. Aliyekuwa wa kwanza aliolewa na mwenye duka la dawa. Wa pili akaitwa Roma.

"Fogli?" mtayarishaji Sgariglia alimuuliza siku ya kwanza, maana kwa Kiitaliano "fogli" ni karatasi. "Hilo ni jina la duka la karatasi. Kuanzia leo wewe ni Lia Vellani."

Kisha akamwambia aseme neno. Ersilia akasema, na Comacchio yote ikatoka: ile "s" inayovuma kati ya meno kama upepo kwenye matete, yale maneno yaliyokatwa mikia. Sgariglia akaweka sigara chini.

"Mwanangu, ukifunga mdomo wewe ni malkia. Basi ufunge, tugawane faida."

Akaufunga. Akawa rafiki wa mhusika mkuu, dada wa mhusika mkuu, muuguzi, mtawa mwenye mashaka, yule msichana anayekufa kabla watu hawajamaliza karanga zao. Alijifunza kujua mwanga uko wapi bila kuutafuta. Alijifunza kulia kwa jicho lililo upande wa kamera. Waongozaji walimpenda kwa kuwa hakuchelewa wala hakuugua, na magazeti yalimwandika kwa jina lililokosewa. Sauti yake ilikuwa Bi Iride Malfatti, mwanamke mnene wa makamo aliyefuma sweta kati ya tukio na tukio, ambaye pia alikuwa sauti ya malkia wawili, wanawake kadhaa wa Paris na bata mmoja wa katuni. Walipokutana kwenye ngazi za ukumbi, Bi Iride alimwita "mdomo wangu", na Ersilia alimwita "koo langu". Hawakuchukiana. Ila Ersilia kila alipopanda ngazi zile alihisi anakwenda kumwona mtu aliyevaa nguo zake.

Ndipo mwongozaji Brandimarte akaja na hadithi ya kinamasi. Ersilia aliusoma mswada mara mbili bila kuketi. Mle mlikuwa na matuta, mashua bapa, wezi wa mikunga na walinzi wa tajiri wenye bunduki. Mlikuwa na mjane ambaye mumewe ameuawa na mlinzi kwa sababu ya samaki, na huyo mlinzi, ambaye angekuwa Renzo Altamura mwenyewe, kipenzi cha wanawake wote kutoka Torino hadi Palermo, anakuja mlangoni kwake kuomba msamaha. Mjane alikuwa na tukio hilo moja tu. Lakini filamu nzima ilielekea kwenye tukio hilo.

Ersilia hakungoja lifti. Alipanda ngazi hadi ofisini kwa Sgariglia, akaingia bila kubisha.

"Mjane ni wa kwetu. Sauti nitaitia mwenyewe."

"Haiwezekani. Milano hawatakuelewa."

"Milano wanakula mikunga yetu kila Krismasi."

"Wanaila," alisema Sgariglia. "Hawazungumzi nayo. Funga mlango ukitoka."

Basi wakaenda kupiga picha kulekule, kwenye tuta nje ya mji, mbele ya nyumba ya matofali ya mvuvi mmoja. Siku ya tukio la mlangoni upepo wa baharini ulipiga kwa nguvu kiasi kwamba fundi wa sauti, ambaye kwa kawaida alirekodi maneno ya kukumbushia tu, alirudisha vyombo vyake garini akaenda kulala. Hakukuwa na hasara, kwani hata hivyo hakukuwa na maneno ya kurekodi. Mwandishi wa mswada alikuwa amegombana na Brandimarte kwa simu, na maneno ya tukio yalibaki Roma pamoja naye.

"Hesabuni," alisema Brandimarte.

Hakuna aliyeshangaa. Kila mtu katika kazi ile alishahesabu. Wapenzi walibusiana kati ya arobaini na arobaini na moja, majenerali waliamuru vita kwa kumi na mbili, na wakati wa kuingiza sauti namba ziligeuka kuwa mapenzi na vita kama ilivyotakiwa.

"Renzo, unaomba msamaha," Brandimarte aliendelea. "Ersilia, unamkatalia. Maneno tutayapata Roma."

Altamura akasimama kizingitini, kofia mkononi. Kwa kweli hakuna mtu katika Italia nzima aliyejua kuhesabu kwa huzuni kama yeye. "Moja," alisema, na kidevu kikatetemeka. "Mbili. Tatu, nne." Machozi yakajaa machoni yakakaa hapohapo, hayakudondoka, kwa sababu aliwahi kuambiwa yakidondoka yanaharibu shavu. Kamera ilinguruma kama mashine ya kusaga. Ersilia akajibu namba zake, akapandisha, akashusha, akaona jambo linakwenda vizuri.

Halafu Altamura, bila kuugusa ule uso wa majuto, akasema: "Ishirini na saba, fanya haraka, binti, chakula kinapoa, ishirini na nane."

Kitu kikamkatikia Ersilia ndani. Mlango ule ulikuwa mlango wa watu. Kwenye vizingiti kama hivyo wanawake wa mji wake walishapokea waume zao wakiwa wamebebwa juu ya mbao. Na huyu alikuwa anawazia kikapu chake cha mkate na kuku. Ersilia akaacha kuhesabu. Maneno yalimtoka kwa lugha ya kwao, moja likimsukuma jingine, mkono wake ukafanya kazi yake wenyewe, na hakujua chochote hadi kamera iliponyamaza. Altamura alikuwa ameshatoka kizingitini, yuko uani. Mtu wa taa alikuwa amevua kofia.

"Hiyo," alisema Brandimarte kwa sauti ya chini, "hairudiwi."

"Alikuambia nini?" mtu mmoja alimuuliza Altamura wakati wa kula.

"Nitajuaje? Kama vyura wanaojibizana. Alinitukana, hilo nina hakika nalo. Sijatukanwa hivyo tangu jeshini."

Kazi ikaisha, wakarudi Roma, na huko ukumbini mambo yakaharibika. Mwandishi alikuwa ameleta maneno yake, mazuri, yenye jua lililozimwa na mikono yenye damu. Bi Iride akayasema kwa uchungu wake wote. Lakini kwenye neno "jua" mdomo wa Ersilia ulikuwa umefungwa, na sauti iliponyamaza mdomo ulifunguka. Wakapunguza maneno, wakayageuza, mwandishi akapiga magoti kando ya mtambo akiandika upya juu ya paja, na asubuhi yote ikapita. Sgariglia alitazama kwenye skrini uso ule mkubwa wa mjane.

"Anaonekana kama anatafuna kitu kisichomezeka," alisema. "Nileteeni huyo msichana."

Ersilia aliletwa na teksi, nywele bado mbichi. Aliwakuta wote: Sgariglia amekaa safu ya mbele, Brandimarte anatembea, mwandishi amejishika kichwa, na Bi Iride yuko pembeni na sweta lake.

"Pale mlangoni ulisema nini?" Sgariglia aliuliza.

"Nilimtukana."

"Hilo tunalijua. Ulimtukanaje? Mwandikie Bi Iride hapa, aseme, tumalize."

Ersilia aliona mlango umeachwa wazi mbele yake, mlango aliousubiri tangu ile jioni ya Comacchio.

"Siandiki," alisema. "Nitasema mwenyewe."

"Tulishazungumza habari hiyo."

"Tulizungumza mlipokuwa hamnihitaji."

Brandimarte akaacha kutembea. Bi Iride akainamia sindano zake ili asionekane anatabasamu. Sgariglia akamtazama Ersilia kwa muda, kama mtu anayetazama farasi aliyemuuza kwa bei ndogo.

"Haya. Panda pale useme. Lakini sikiliza. Wiki hii mkanda unakwenda kunakiliwa. Ukishindwa, nalikata tukio. Mjane hayumo. Renzo anafika, mlango umefungwa, anarudi zake. Umenielewa?"

"Nimekuelewa."

"Na miguu haikutetemeki?"

"Inanitetemeka. Sauti haimo miguuni."

Akapanda kwenye jukwaa dogo, akasimama mbele ya kipaza sauti. Taa zikazimwa. Kile kipande cha filamu kilikuwa kimeungwa mwisho na mwanzo, kikawa duara, kikipita kwenye mtambo na kurudi bila kukoma: mlango, Altamura, uso wake yeye, mlango, Altamura, uso wake. Ersilia alivuta pumzi. Na jambo ambalo mle ukumbini alilijua yeye peke yake ni kwamba hakukumbuka hata neno moja.

Alikuwa ametegemea kwamba akijiona tu atakumbuka. Sasa alijiona, mkubwa kama ukuta, na mdomo ule ulikuwa unasema kitu ambacho hakukijua. Akajaribu kwa nguvu. Aliyavuta matusi yote ya kiwandani, yale ambayo wanawake hurushiana juu ya mapipa ya siki.

"Mbwa wa tajiri wewe, mwana wa chura, hata siki yote ya Ferrara haitoshi kukuondolea uvundo..."

Mdomo kwenye skrini ulishamaliza zamani. Fundi wa mtambo akacheka, akajifanya anakohoa.

"Tena," alisema Ersilia.

Akatukana tena, tofauti, kwa kasi. Safari hii mdomo ulifunga pale alipofungua. Akatukana mara nyingine, akawataja hadi mababu wa Altamura, watu wasio na hatia. Haikukaa. Kwenye giza alisikia kiti cha Sgariglia kikilia, na akajua ni mtu anayejiandaa kusimama.

Ndipo akasikia sindano za kufumia zikiwekwa mezani. Bi Iride alipanda jukwaani, akasimama nyuma yake karibu kabisa, akinukia tumbaku na sabuni ya maua.

"Mdomo wangu," alimnong'oneza, "hukumbuki."

"Nitakumbuka."

"Sikia, mwanangu. Huu mdomo nimeutazama kuliko atakavyoutazama mumeo. Acha matusi. Anayetukana hutoa meno ya chini. Wewe hapo hukuyatoa. Tazama. Anakuja. Hapo."

Uso ulipita.

"Umetabasamu," alisema Bi Iride.

Ersilia akatazama duara likirudi. Kweli. Kwenye ncha ya mdomo, kabla ya neno la kwanza, palikuwa na tabasamu dogo, la adabu, baya mno. Akaacha kuutazama mdomo, akautazama mkono. Mkono ulijifuta kwenye aproni, mbele na nyuma, taratibu. Kisha ulifunguka, ukaonyesha ndani ya nyumba.

Mkono ule haukuwa wake. Ulikuwa wa Bi Armida, mama yake.

Ilimrudia yote kwa pigo moja. Msimamizi wa kiwanda, yule aliyemfukuza jirani yao mjamzito kwa sababu alikaa chini kidogo apumzike, alikuja kwao Jumapili moja na chupa ya divai, kuomba yaishe. Bi Armida hakumfukuza, wala hakupandisha sauti. Alijifuta mikono, akavuta kiti, akamwambia kaa ule. Akampakulia. Akasimama juu yake akimtazama, kila sahani ilipopungua akaongeza, hadi mwanaume yule akatoka akitembea upande upande na hakurudi mtaani tena. Nyumbani kwao hakukuwa na tusi kubwa kuliko hilo. Adui mdogo alirushiwa maneno. Adui mkubwa alikaribishwa mezani. Na Altamura, mpumbavu yule, alikuwa amesimama mlangoni akitaja chakula.

Ersilia alikuwa anatafuta matusi kwenye pipa la matusi, na kumbe kwao tusi linakaa jikoni.

"Sogea kidogo, koo langu," alimwambia Bi Iride. "Nimempata."

Mlango ukapita. Altamura akapita. Uso ukaja, ukatabasamu, na Ersilia akaanza, si kwa kelele, kwa sauti ileile ambayo mama yake alitumia kuuliza nani anataka mkate.

"Una njaa. Kaa basi. Kaa, kiti hicho kilikuwa chake, hatakihitaji. Umekuja na upepo huu wote, hatuwezi kukuacha usimame. Samaki ndiye huyu, ambaye kwa ajili yake mlimuua mume wangu. Nimemchoma vizuri, ngozi imekauka kama alivyopenda mwenyewe. Kula. Usinibakizie mfupa. Ukimaliza nipo hapahapa, nakuongeza."

Neno la mwisho na mdomo vilifunga pamoja, kama mlango na fremu yake.

Duara likaendelea kuzunguka, mlango, Altamura, uso, bila mtu kukumbuka kulisimamisha. Mwandishi alikuwa ameacha kalamu ikaanguka chini na hakuinama kuiokota. Ersilia alitaka kucheka, alitaka kukimbia ngazi zote hadi barabarani. Alijishika kwenye ukingo wa jukwaa akasubiri.

Taa zikawashwa. Sgariglia alikuwa amesimama, koti begani, tayari kwa safari ambayo hakuifanya.

"Nusu ya maneno sikuyaelewa," alisema.

Akaitazama skrini.

"Milano nao hawatayaelewa." Akajikuna shingo. "Ila nisingekaa kwenye kile kiti hata ungenipa kinamasi chote."

"Basi umeyaelewa," alisema Brandimarte.

"Wewe nyamaza, ndiwe uliyemwambia ahesabu." Akamgeukia Ersilia, na kwa mara ya kwanza tangu amjue alimtazama mdomoni anapozungumza naye. "Inabaki. Tukio linabaki, na sauti yako inabaki. Na usiniletee habari za jina la duka la karatasi, maana mabango yameshachapwa."

"Jina hata ukiliweka la kuku," alisema Ersilia. "Mama yangu hasomi mabango."

Bi Iride alikuwa ameshaketi, sweta mapajani. "Miaka yote nimelia kwa niaba ya huyu mtoto," alimwambia fundi wa mtambo, kwa sauti ya kutosha wote wasikie. "Kumbe mwenyewe halii. Angeniambia mapema, ningekuwa na mapafu mpaka leo."

Watu wakacheka, na kicheko kikawafungua wote, wakaanza kusema kwa pamoja, Brandimarte akimkumbatia mwandishi ambaye asubuhi alitaka kumnyonga. Fundi akauliza kama wanataka kusikia. Wakataka. Taa zikazimwa tena.

Ersilia akabaki palepale jukwaani. Mlango, Altamura, uso. Na kutoka kwenye ule mdomo mkubwa, ambao aliutazama kwenye kumbi nyingi za giza kama mtu anayetazama nyumba yake inayokaliwa na wengine, ikatoka sauti nzito kuliko alivyodhani, yenye mikwaruzo, yenye "s" inayovuma, sauti ya mwanamke aliyekulia kati ya moshi na siki. Haikuwa nzuri. Ilikuwa hapo hasa ilipotakiwa kuwa.

Ilipoisha, watu wote walimgeukia, wakingoja machozi au shukrani.

"Tena," alisema.

"Nini tena?" Sgariglia akauliza gizani. "Nimeshakubali, mwanangu. Umeshinda. Nenda nyumbani."

"Kwenye ile 'kaa' ya pili nimechelewa. Fundi, rudisha mkanda."

Fundi akamtazama Sgariglia. Sgariglia akaguna, akavua koti, akaliweka kwenye kiti cha jirani. Taa nyekundu ikawaka juu ya kipaza sauti, na Ersilia akajifuta mikono kwenye sketi yake, mbele na nyuma, akausubiri uso wake ufike.